Busia na Malaba: Historia ya mpaka kwa anayetembea kwa miguu

WATU wengi wanaoijua miji ya Busia na Malaba wameijua wakiwa wameketi. Dereva wa lori la masafa marefu huiona kupitia kioo cha mbele akisubiri zamu yake. Abiria wa basi liendalo Kampala hushuka kwa muda mfupi, akapigiwa muhuri, akarejea kitini pake. Kwa miaka mingi miji hiyo miwili ya Kaunti ya Busia, kwenye mpaka wa Kenya na Uganda, imehesabiwa kuwa mahali pa kupita wala si mahali pa kuzuru.

Hata hivyo, si rahisi kupata sehemu nyingine ya magharibi mwa Kenya ambamo mambo mengi ya kihistoria yamebanana katika eneo dogo kiasi hiki. Humo mna mwisho wa njia ya mikokoteni ya ng'ombe ya karne ya 19, mpaka uliohamishwa kwa kalamu, reli iliyoifungua Uganda, kazi ya usafiri ambayo jina lake sasa hutajwa kote Afrika Mashariki, na michoro ya miambani iliyochorwa kabla ya majina Kenya na Uganda kuwapo. Siku mbili za kutembea zinatosha kuyaona yote hayo. Tatizo ni kwamba machache sana kati yake hujieleza kwa macho, na wanaoweza kuyaeleza wanazidi kupungua.

Ziara ya kutembezwa kwa miguu ni jambo la kawaida katika miji mikongwe ya Ulaya. Mjini Florence, Italia, kitovu cha mwamko wa sanaa na elimu wa karne ya 15, mtembezaji huwachukua wageni kutoka kanisa kuu la Santa Maria del Fiore, ambalo kuba lake lililobuniwa na Filippo Brunelleschi lilikamilika mwaka 1436, hadi daraja la Ponte Vecchio lililojengwa mwaka 1345. Mwendo wenyewe haufiki kilomita moja. Mwaka 1944 majeshi ya Ujerumani yalipokuwa yakirudi nyuma yaliyavunja madaraja mengine ya mji huo, yakaliacha hilo peke yake. Mgeni asiyeambiwa habari hiyo huona tu daraja lenye maduka ya sonara.

Kenya nayo ina mfano wake, tena wa zama zizo hizo. Ngome ya Fort Jesus mjini Mombasa, iliyojengwa na Wareno kuanzia mwaka 1593 hadi 1596, ilichorwa na Giovanni Battista Cairati, msanifu kutoka Milan, na mwaka 2011 iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO. Mgeni wa ngome hiyo na wa Mji wa Kale ulio jirani yake hupata mtembezaji bila taabu. Barabara kuu inayoanzia Mombasa ndiyo inayoishia Malaba, lakini desturi ya kutembeza wageni haikuifuata barabara hiyo hadi mwisho wake.

Kwa sababu hiyo, mtu anayetaka kutembezwa Busia au Malaba asitegemee kumkuta mtembezaji mwenye beji akimngoja kituoni. Itambidi amtafute mwenyeji. Wanaofaa zaidi ni wazee waliowahi kuendesha baiskeli za abiria, mawakala wa forodha waliostaafu, na wafanyakazi wa zamani wa reli.

MPAKA ULIOHAMISHWA

Kabla ya kupiga hatua ya kwanza, yafaa mtembezi ajue kwamba mpaka anaokwenda kuuona haukuwa hapo tangu mwanzo. Askofu James Hannington wa Kanisa la Anglikana alipopita sehemu hizi mwaka 1885, akitoka Kwa Sundu, mji ambao leo huitwa Mumias, kuelekea Busoga alikouawa, hakuna mstari wowote aliouvuka kati ya Kenya na Uganda. Kulikuwa na Wakhayo, Wasamia na Waiteso katika makazi yao, na njia ya misafara iliyokuwa imezoeleka na wafanyabiashara kutoka pwani.

Mwaka 1890 ilianza kujengwa njia ya mikokoteni ya ng'ombe kutoka Mombasa. Baadaye Kapteni Sclater wa jeshi la Uingereza aliiendeleza kutoka Kibwezi hadi Busia, na ilipokamilika ilikuwa na urefu wa maili 600 hivi. Njia hiyo ilipitwa na reli mara moja na leo husahaulika, lakini inathibitisha kwamba Busia ilikuwa mwisho wa safari ndefu hata kabla ya zama za malori.

Uganda ilipotangazwa kuwa nchi lindwa ya Uingereza mwaka 1894, eneo lake lilikuja kuenea upande wa mashariki hadi Naivasha. Kisumu, Mumias na Busia zote zilihesabiwa kuwa Uganda. Aprili 1902 serikali ya Uingereza iliuhamisha Mkoa wa Mashariki wa Uganda na kuutia katika himaya iliyokuja kuitwa Kenya. Mpaka ukasogezwa kwa maandishi ya ofisini. Katika sehemu hii unafuata mito ya Sio, Malaba na Lwakhakha hadi Mlima Elgon, na pale pasipo na mto hupita nchi kavu kwa nguzo na mistari. Ndugu wa ukoo mmoja walijikuta wakiwa raia wa nchi mbili bila hata mmoja wao kuhama nyumba.

Uamuzi huo uliibuka tena Februari 1976, Idi Amin alipodai kwamba sehemu kubwa za magharibi mwa Kenya, hadi karibu na Nairobi, zilikuwa mali ya Uganda kihistoria. Kenya ilijibu kwa ghadhabu na wafanyakazi wa bandari ya Mombasa wakaigomea mizigo ya Uganda, naye Amin akalegeza msimamo. Wazee wa Busia wanaoukumbuka mwaka huo si haba, na mtembezi makini hatakosa kuwauliza.

BUSIA: MJI MMOJA, NCHI MBILI

Ziara ya Busia huanza vizuri zaidi asubuhi, kwenye barabara itokayo Kisumu, kabla malori hayajasongamana. Mtembezi afuate barabara hiyo akielekea magharibi. Ataona maduka ya jumla, ofisi za mawakala wa forodha zilizopangana kama meno ya kitana, na wabadilishaji fedha wakiwa na vibunda vya shilingi za nchi mbili mikononi.

Mbele yake kuna Kituo cha Pamoja cha Mpakani, kilichofunguliwa rasmi Februari 2018 na Rais Uhuru Kenyatta wa Kenya na Rais Yoweri Museveni wa Uganda. Utaratibu wake unahitaji maelezo, maana huwachanganya wengi. Zamani msafiri alisimama mara mbili: alipigiwa muhuri wa kutoka upande mmoja, akavuka, kisha akapanga foleni upya upande wa pili. Sasa anayekwenda Uganda hupita upande wa Kenya bila kusimama, akahudumiwa upande wa Uganda, ambako maofisa wa nchi zote mbili hukaa chini ya paa moja. Anayeingia Kenya naye hushughulikiwa vivyo hivyo upande wa Kenya. Ndiyo maana mtembezi aliye bado katika ardhi ya Kenya huweza kuwaona maofisa wa Uganda wakiwa kazini kihalali. Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki inayoruhusu jambo hilo ilitungwa mwaka 2016.

Kituo hicho ni jengo la kuonea fahari. Lakini kwa mtafiti wa historia, kilichokuwapo kabla yake ndicho chenye uzito. Kati ya lango la Kenya na lango la Uganda palikuwa na mwendo wa zaidi ya nusu maili. Gari la abiria halikuweza kuvuka bila hati, na mwenye mzigo kichwani aliuona mwendo huo kuwa mrefu. Katika miaka ya 1960 na 1970 vijana wenye baiskeli nzito nyeusi, zilizotiwa kiti cha sponji juu ya kibebeo cha nyuma, walianza kuwavusha watu kwa malipo madogo. Waliwaita wateja kwa kupaza sauti wakitaja neno la Kiingereza la mpaka mara mbili, kama matamshi ya wenyeji yalivyoruhusu: boda, boda!

Hapo ndipo lilipozaliwa neno bodaboda. Kutoka Busia kazi hiyo ilienea upesi hadi Malaba, ikaingia miji ya Uganda, kisha ikarudi Kenya na kuenea kila pembe. Baiskeli zilipisha pikipiki, hasa baada ya serikali ya Kenya kuondoa ushuru kwa pikipiki ndogo mwaka 2008. Leo neno hilo limo katika sheria, katika hotuba za bungeni na katika vichwa vya habari, na kuna waendeshaji wengi wa Dar es Salaam au Mombasa wasiojua kabisa kwamba kazi yao ina jina la mpaka. (Wahariri wamebishana kwa miaka iwapo neno hilo liandikwe pamoja au litenganishwe, wale waliolibuni hawakuwa na shida hiyo.)

Malango mawili yaliyozaa neno hilo hayafanyi tena kazi yaliyofanya zamani, na mwendo uliokuwa kati yake umezibwa na majengo, uzio na maegesho. Bila mzee wa kuonyesha kwa kidole kwamba baiskeli zilipangwa hapa na abiria walishushwa pale, mgeni hataona chochote. Waendeshaji waliokuwa vijana wa miaka 20 mwaka 1970 sasa wamepita umri wa miaka 70. Katika orodha nzima ya alama za Busia, hii ndiyo iliyo katika hatari kubwa zaidi ya kupotea, na ndiyo ambayo mtembezi anapaswa kuipa muda mrefu zaidi.

Kundi jingine lenye historia yake ni la watu wenye ulemavu wa miguu wanaobeba bidhaa kwa baiskeli za magurudumu matatu zinazoendeshwa kwa mikono. Watafiti wameandika jinsi watu hao walivyojijengea riziki katika mpaka wa Busia, kwa kuwa maofisa wa forodha waliwaonea huruma na mizigo yao haikukaguliwa kwa ukali kama ya wengine. Wafanyabiashara waliligundua hilo upesi, wakawakodi. Huruma ikageuka ajira. Mtembezi asiwapige picha kama vituko. Ni watu walio kazini.

Baada ya kituo, mwenyeji humpeleka mgeni kando, mahali ambapo mpaka hauna mto wala ukuta. Hapa nyumba za Kenya na za Uganda zinatazamana, na upande wa pili unaanza mtaa wa Sofia wa Busia ya Uganda. Mtoto hutumwa chumvi nchi jirani. Chapati iliyoviringishiwa mayai, ambayo Waganda huiita rolex, huliwa pande zote, na hakuna anayeuliza imelipiwa kwa shilingi ya wapi.

Vichochoro hivyo ndivyo njia za panya, na havikupewa jina hilo bure. Bei ya kahawa ilipopanda duniani baada ya baridi kali kuiharibu mimea ya Brazil mwaka 1975, kahawa ya Uganda ilimiminika Kenya kwa siri, kwa kuwa serikali ya Amin iliwalipa wakulima kidogo na kwa fedha isiyo na thamani. Neno magendo, la Kiswahili safi, likawa jina la uchumi mzima wa Uganda wa wakati huo, likatumiwa hata na wasomi waliokuwa hawajui Kiswahili. Nyumba kadhaa za mpakani zilijengwa kwa kahawa hiyo, ingawa mwenyeji mwenye busara hatasema ni zipi.

Mambo hayakuwa ya biashara tu. Desemba 1987 polisi wa Kenya na wanajeshi wa Uganda walirushiana risasi Busia na mpaka ukafungwa kwa muda. Mwanzoni mwa 2008, baada ya uchaguzi uliozua ghasia nchini, maelfu ya Wakenya walivuka Busia na Malaba kutafuta hifadhi, ilhali Uganda ilikosa mafuta kwa sababu malori hayakuweza kufika. Matukio yote hayo yalipita juu ya lami ile ile ambayo mtembezi anaikanyaga.

KUELEKEA MALABA

Kutoka Busia hadi Malaba ni kilomita 30 hivi kwa barabara, na hapa mtembezi hana budi kupanda gari. Barabara hupita Alupe, mahali palipojulikana zamani kwa hospitali ya wagonjwa wa ukoma na ambapo leo pana chuo kikuu, kisha Adungosi, na kuingia nchi ya Waiteso wa kaskazini. Lugha sokoni hubadilika kutoka Kikhayo hadi Kiteso, lakini Kiswahili hakimwachi msafiri njiani.

Malaba ni mji wa malori. Bomba la mafuta kutoka Mombasa linaishia Eldoret na Kisumu, kwa hivyo sehemu kubwa ya mafuta ya Uganda hukamilisha safari kwa magurudumu. Mwaka 2020, madereva walipotakiwa kupimwa virusi vya corona kabla ya kuvuka, foleni ya malori ilienea kwa makumi ya kilomita, na wapo waliolala barabarani kwa siku kadhaa. Kwa kawaida hali ni nafuu zaidi. Tangu mwaka 2014 ushuru wa mizigo mingi ya Uganda hushughulikiwa ikiwa bado Mombasa, na kazi ya mpakani imepungua.

Tofauti na Busia, hapa mpaka unaonekana. Mto Malaba ndio mstari wenyewe. Si mto mpana, na mgeni aliyetarajia maajabu huenda akavunjika moyo. Alama ya kutazamwa zaidi ni reli. Kabla yake, mizigo ya Uganda ilifika Kisumu, ambako reli ilifika mwaka 1901, kisha ikapakiwa melini kuvuka Ziwa Victoria. Njia mpya iliyopanda Eldoret, ikavuka mpaka Malaba na kuingia Tororo, ilifika Kampala mwaka 1931. Tangu hapo gari moshi liliweza kutoka baharini hadi Kampala bila kushusha mzigo.

Vyuma vyake vina upana wa mita moja, na ndivyo vinavyotumika hadi sasa. Kampuni ya Rift Valley Railways iliyokabidhiwa reli hiyo mwaka 2006 ilinyang'anywa mwaka 2017. Reli mpya ya kisasa ilifika Nairobi mwaka 2017 na eneo la Naivasha mwaka 2019, na kufikishwa kwake Malaba kumekuwa katika mipango ya serikali kwa zaidi ya mwongo mmoja. Ikumbukwe kwamba njia mpya ikishapita mahali, stesheni ya zamani huwa ghala, kisha gofu.

MIAMBA YA KAKAPEL

Siku ya pili itengewe Kakapel, katika vilima vya Chelelemuk, si mbali na Malaba. Hapa hali ni tofauti: mahali hapa ni mnara wa kitaifa chini ya Makavazi ya Kitaifa ya Kenya, na mgeni huweza kupata maelezo ya mtu aliyekabidhiwa kazi hiyo.

Pango la mwamba mkubwa lina michoro ya enzi mbalimbali, mmoja juu ya mwingine. Duara zilizo ndani ya duara, za rangi nyekundu na nyeupe, wataalamu huzinasibisha na wawindaji wa jamii ya Watwa. Michoro ya ng'ombe ilifuata baadaye, kazi ya wafugaji. Jicho lisilozoea huona madoa tu. Mtembezaji akielekeza fimbo yake, bila kugusa mwamba, pembe na mgongo wa ng'ombe hujitokeza.

Chini ya michoro hiyo mna hazina nyingine. Wanaakiolojia waliochimba hapo wamepata dalili za watu kuishi katika muda wa zaidi ya miaka 9,000. Utafiti uliochapishwa mwaka 2024, ambao Emmanuel Ndiema wa Makavazi ya Kitaifa alikuwa miongoni mwa waliouandika, ulieleza kwamba mabaki ya kunde yaliyopatikana humo yana umri wa takriban miaka 2,300, na kuifanya Kakapel mahali penye ushahidi wa mapema kuliko wote wa kilimo cha mimea katika ukanda huu wa ikweta. Wimbi ulionekana humo tangu angalau miaka 1,000 iliyopita. Waiteso wa vijiji vya jirani bado huupika wimbi huo pombe waiitayo ajon, inywewayo kutoka chungu kimoja kwa mirija mirefu. Mgeni akikaribishwa, asikimbilie mrija. Mzee wa boma ndiye humwonyesha pa kuketi.

YA KUZINGATIA

Raia wa Kenya na Uganda wameruhusiwa tangu mwaka 2014 kuvuka kwa kitambulisho cha taifa, lakini ni lazima wapite kituoni. Njia za panya zitazamwe kutoka upande wa Kenya. Kuzivuka ni kosa, hata kama wenyeji wanapita mbele ya macho ya mgeni. Majengo ya forodha, uhamiaji na polisi, pamoja na madaraja, yasipigwe picha bila idhini.

Malipo ya mwenyeji yapatanwe mapema, kwa saa au kwa siku. Akiwa mzee, aitwe mzee, apewe kiti kila inapowezekana, na mwendo ufuate miguu yake. Mtembezi abebe daftari. Akiombwa vizuri, mzee aliyewahi kuendesha baiskeli ya abiria atataja nauli ya mwaka wa kwanza, jina la fundi aliyeshona viti, na mahali hasa palipokuwa na lango; hayo yaandikwe papo hapo, pamoja na tarehe.